Ukuta na Shimo Lake

Hatua chache kutoka mlango wa nyumba ya udongo kule Nduta, kambi ya wakimbizi katika nyanda za juu za Kibondo, magharibi mwa Tanzania, aghalabu huwapo shimo. Si kisima, wala si choo, wala si jalala, ijapokuwa siku za mbele huenda likageuzwa kuwa jalala. Ni mahali ulipotoka ukuta. Mwenye nyumba alichimba hapo, akakanda hapo, akafyatua hapo, na alipokwisha kuzipandisha kuta zake nne na kuzifunika, shimo likabaki wazi kando yake, lina wekundu uleule wa ukuta na alama zilezile za jembe. Atazamaye kwa utulivu huona kwamba vitu viwili hivyo ni kitu kimoja kilichogawanyika: kilichopungua huku ndicho kilichozidi kule, na kimo cha ukuta kina hesabu yake katika kina cha shimo. Nimepita katika miji yenye majengo ya fahari, na humo mote sikuwahi kuonyeshwa mahali yalipochimbwa mawe yake. Msafiri hupelekwa kutazama milango, nguzo, kuba na mihirabu, hapelekwi machimboni. Nduta, ambako hakuna jengo la kuita watalii, humwonyesha mgeni vyote viwili kwa pamoja, ukuta na deni la ukuta, navyo havitengwi ila na uwanja mdogo wa kuanikia maharage.

Kazi yenyewe ina adabu zake, na waijuao hawaifanyi kwa pupa. Huanza masika yanapokwisha, mvua za Buha, nchi ya Waha, zinapokatika mwezi wa Mei na mbingu kukaa safi hata Septemba, kwa maana tofali bichi halina adui mkubwa kuliko wingu. Udongo utafutwao kwanza ni ule wa kichuguu, ulio laini na wenye kushikana, ambao mchwa wameupandisha kutoka chini punje kwa punje kwa miaka isiyohesabiwa na mtu; palipo na kichuguu karibu, fundi hushukuru. Hutiliwa maji, ukakanyagwa kwa miguu, pengine na watoto ambao kwao kazi hiyo ni mchezo, ukaachwa ulale, ukakanyagwa tena, hata ukafika hali ambayo ukiufumba kiganjani haukimbii vidoleni wala haupasuki. Ndipo huchukuliwa kalibu, kile kisanduku cha mbao kisicho na chini wala juu, kikachovywa maji, kikajazwa, kikasawazishwa kwa ubao, kikainuliwa. Na tofali hubaki uwanjani peke yake, limelowa, lina pembe kali, la kwanza katika mamia. Hufunikwa kwa nyasi lisije likapasuliwa na jua, kisha hulazwa ubavu, kisha husimamishwa, na baada ya siku za kutosha hupangwa. Katika vijiji vya Kasulu na Kibondo mwenye uwezo huyapanga matofali yake yakawa tanuri, akayachoma usiku na mchana kwa magogo, yakatoka magumu yenye mlio yakigongwa. Kambini moto huo ni anasa na ni hatari, maana kuni za kupikia peke yake zimekwisha kuukimbiza msitu wa miombo mbali na makazi, na tanuri moja humeza miti iliyokua kwa umri wa mtu mzima. Kwa hiyo tofali la Nduta hubaki bichi, na nyumba yake ni udongo uliokaushwa na jua tu, ulio tayari kurudi ulikotoka siku yoyote maji yatakapouita.

Na kurudi umekwisha kurudi. Kambi ya Nduta ilifunguliwa katika miaka ya 1990, wakati Warundi walipovuka mpaka kwa makundi makubwa baada ya kuuawa kwa Rais Melchior Ndadaye mwezi wa Oktoba 1993 na vita vilivyofuata. Ikakaliwa, pakazaliwa watoto, pakazikwa wafu, kisha, amani ilipopatikana huko kwao, ikafungwa kabla haujaisha muongo wa kwanza wa karne hii. Nyumba ya udongo iliyovuliwa paa haihitaji mbomoaji: masika ya kwanza huzichubua kuta, ya pili huzikata mabega, na baada ya masika machache mengine hukutwa tuta tu, jepesi, ambalo nyasi hulipenda kuliko ardhi iliyo pembeni yake. Mwaka 2015, ulipozuka mgogoro wa muhula wa tatu wa Rais Pierre Nkurunziza, Warundi wakavuka tena, kambi ya Nyarugusu iliyoko Kasulu ikafurika, na Oktoba ya mwaka huohuo Nduta ikafunguliwa upya pahali palepale. Mahema yakatangulia, maturubai yakafuata, na baadaye kuta za tope zikaanza kupanda, hata idadi ya watu ikapita laki moja, ukawa ni mji mkubwa kuliko miji mingi ya nchi hii ambayo majina yake yamo katika kila ramani. Siwezi kuifikiri ardhi hiyo bila kustaajabu: udongo uliokuwa ukuta wa mkimbizi wa mwaka 1996 ukawa tuta, ukawa malisho, ukachimbwa, ukawa ukuta wa mkimbizi wa mwaka 2016, na wako miongoni mwa hao waliokimbia utotoni, wakarejea kwao vijana, wakakimbia tena wakiwa watu wazima wenye watoto. Yumkini yupo aliyelikanyaga kwa miguu yake tope lilelile lililokanyagwa na babaye.

Wala wenyeji wa nchi hiyo hawakuwa wageni wa mambo ya kuacha kuta, kwa kuwa Buha ni nchi ya mahame. Katika miaka ya 1930 serikali ya Waingereza, ikipigana na maradhi ya malale, iliwaondoa Waha katika vijiji vyao vilivyotawanyika ikawakusanya katika makazi ya pamoja, mbali na mbung'o, na pori likayarithi makonde waliyoyaacha. Katika enzi hiyohiyo wanaume kwa maelfu walichukuliwa manamba, wakaenda kukata mkonge wa Tanga, upande wa pili wa nchi, na misonge yao ya fito na nyasi ikabaki kutunzwa na wake na wazee, au isitunzwe. Kisha mwaka 1972 ikaja Operesheni Kigoma, watu wakahamishwa tena, safari hii kwa mkono wa serikali yao wenyewe, kwenda katika vijiji vya kupangwa kwa mstari kandokando ya barabara. Nia za wahamishaji zilikuwa mbalimbali, na si haki kuzitia zote katika kapu moja. Lakini nyumba iliyoachwa haiulizi nia. Mpita porini hukuta mwembe uliosimama peke yake pasipo na mtu wa kuupanda, na chini yake jiwe la kusagia lililolika katikati kwa kazi ya mikono ya mwanamke ambaye hapana amkumbukaye, na mafiga matatu ambayo bado yanaelekeana. Udongo umekwisha kwenda zake. Mawe hayo machache ndiyo yaliyobaki kutoa ushahidi. Nchi iliyopitiwa na mambo hayo inapompokea mtu aliyekuja na turubai kichwani na mtoto mgongoni, haipokei jambo jipya. Na nadhani wema ambao Waha wengi waliwatendea jirani zao wa Burundi, wenye lugha iliyo karibu mno na yao hata wakaelewana bila mkalimani, haukutokana na ukarimu wa tabia tu, bali na kumbukumbu pia.

Pwani mambo ni mengine, au ndivyo tulivyozoea kujiambia. Pwani tumejifunza kuhesabu ustaarabu kwa mawe, na tukimtaka mgeni astahi historia yetu tunampeleka mahali penye chokaa. Kizimkazi, kijiji cha wavuvi kusini mwa Unguja, kina msikiti wa Dimbani ambao katika kibla chake yamo maandishi ya Kikufi yenye tarehe ya mwaka 500 wa Hijria, uliolingana na 1107 wa Miladia. Na kijiji kidogo namna hiyo, kisicho na bandari kubwa wala ikulu, chajulikana na wanazuoni wa dunia kwa ajili ya jiwe lake lililochongwa. Jiwe la nakshi kama hilo lilikuwa halichimbwi nchi kavu. Lilikatwa baharini, wakati wa bamvua maji yanapokupwa sana, likiwa bado hai na laini, likachongwa lingali na unyevu wake, kisha likakauka na kuwa gumu, nayo maandishi yakafungika ndani yake kwa karne tisa. Mawe ya kuta yalitoka katika mwamba wa nchi kavu, ambao nao ulikuwa tumbawe zamani bahari ilipokuwa juu zaidi. Na chokaa ya kuyaunganisha ilipatikana kwa kuyachoma mawe yaleyale juu ya lundo la magogo, kwa tanuri lililowaka hata magogo yakawa majivu na jiwe likawa unga. Upana wa vyumba uliamuliwa na urefu wa boriti za mikoko, na kwa hiyo ukumbi wa tajiri wa Lamu na ukumbi wa tajiri wa Kilwa ulikuwa mwembamba na mrefu, kwa amri ya mti mmoja wa matopeni. Haya yote ni mema, na mimi ni katika wanaoyapenda. Lakini machimbo ya miji hiyo yako wapi? Sehemu yake iko chini ya maji, ambako ngalawa hupita juu yake bila kujua. Sehemu imefunikwa na magugu au na nyumba za baadaye. Na hapana sheha wala kiongozi wa wageni asemaye, hapa ndipo ilipotoka Kilwa.

Jambo moja la nchi ya bara limenifundisha mengi kuhusu fahari ya mawe. Wafanya biashara wa pwani walipofika Unyanyembe na Ujiji katika karne ya 19, kwa ajili ya biashara ile ya pembe na ya watu ambayo haisemwi ila kwa huzuni, hawakuweza kuuchukua mwamba wa bahari juu ya vichwa vya wapagazi. Wana wa miji ya mawe wakajenga kwa udongo wa nchi waliyoikuta. Tembe la Kwihara karibu na Tabora, walimokaa David Livingstone na Henry Morton Stanley mwanzoni mwa mwaka 1872, lina kuta nene za udongo na mlango wa kuchongwa wa Kiswahili. Yaani fahari yote ya kwao iliyosafirika ilikuwa mlango. Wahenga walisema nyumba njema si mlango, na hapana mahali ambapo methali hiyo imesimama wima mbele ya macho kama pale. Udongo uliwasetiri wenye nacho kama unavyowasetiri wasio nacho, na uliwapa ubaridi wakati wa hari, na joto usiku wa kipupwe, bila kuwauliza walitoka mji gani.

Nimekaa na fikira nyingine ambayo sikuitazamia, nayo ni hii: kwamba ukuta wa pwani na ukuta wa Nduta ni ndugu kwa upande wa wajenzi wao wa kwanza. Tumbawe ni kazi ya wadudu wa bahari, viumbe laini wasio na mfupa, ambao kila mmoja hujitengenezea chumba cha chokaa mahali alipo, akafa, na mwingine akajenga juu yake, hata kwa muda wa maelfu ya miaka kukapatikana mwamba wa kuvunja majahazi. Kichuguu ni kazi ya mchwa, viumbe laini wa nchi kavu, ambao huchukua punje moja moja ya udongo, wakaigandisha kwa mate, wakaipandisha, hata kukapatikana mnara wenye vyumba, njia za hewa na bustani ya uyoga ndani yake. Mwanadamu wa Kizimkazi alikata nyumba ya wale. Mwanadamu wa Nduta huchimba nyumba ya hawa. Hapana kati yao aliyeanza kujenga mahali patupu. Kila mmoja alikuta maskani ya mnyonge kuliko yeye, akaivunja, akaigeuza ikawa yake. Na yule tunayemwita mjenzi wa kale, ambaye tunaandika jina la sultani wake katika vitabu, ni mpangaji wa tatu au wa nne katika jengo lililoanzwa na asiye na jina. Sikusudii kumdunisha mwanadamu. Nasema tu kwamba mkimbizi aliyekaa katika nyumba ya tofali la kichuguu hana sababu ya kuona haya mbele ya mtu aliyekaa katika nyumba ya matumbawe, kwa kuwa wote wawili wamejisetiri kwa jasho la wadogo.

Huko Uingereza kipo kijiji kiitwacho Barnack, karibu na mji wa Peterborough, ambacho habari yake inafanana na habari ya shimo kando ya nyumba isipokuwa kwa umbali. Chini ya mashamba yake lilikuwako jiwe jema la chokaa, gumu na lenye punje, ambalo Warumi walilichimba, na baada yao watawa wa Zama za Kati wakaligombania, kila nyumba ya watawa ikitaka fungu lake katika machimbo. Lilishushwa kwa mito na kupakiwa mashua, likaenda kujenga makanisa makuu ya Peterborough na Ely, ambayo mpaka leo hutazamwa kwa mshangao na watu watokao kila pembe ya dunia. Kufikia mwaka 1500 hivi jiwe likawa limekwisha. Kijiji kikabaki na kanisa lake dogo lenye mnara wa miaka elfu moja hivi, na nyumba zake za jiwe lilelile, na nje ya nyumba zake uwanja mpana wa mashimo na vifusi vya machimbo, ambavyo hakuna aliyevisawazisha kwa sababu jembe halikuweza kupita. Na kwa kuwa jembe halikupita, maua adimu ambayo mashamba ya jirani yaliyapoteza yakaendelea kumea humo, hata serikali ikayahifadhi mashimo hayo kwa sheria. Hata mawe yenyewe hayakutulia: watawa walipofukuzwa na nyumba zao kuvunjwa katika karne ya 16, baadhi ya mawe ya Barnack yaling'olewa katika kuta za ibada yakapelekwa kujenga vyuo vya Cambridge. Jiwe nalo, basi, lilihama kwa amri ya mfalme. Ninayoyapenda katika habari hiyo si makanisa, ambayo yana wasifu wa kutosha. Ni kwamba watu waliona shimo linastahili kulindwa kama linavyolindwa jengo lililotoka ndani yake.

Tunasema jiwe hudumu na udongo haudumu, nasi twaamini kwamba tumesema neno la hakika. Lakini mtu na aende Kilwa Kisiwani akatazame Husuni Kubwa, jumba lililojengwa mwanzoni mwa karne ya 14 juu ya jabali la kuelekea bahari, lenye vyumba zaidi ya mia na birika la kuogea lenye pembe nane, kubwa kuliko majumba yote ya zama zake katika pwani hii. Na aambiwe kwamba jumba hilo lilikaliwa muda mfupi tu, wala halikukamilishwa. Na aende Forodhani, Unguja, akatazame Beit al-Ajaib, ambayo Sayyid Barghash aliijenga mwaka 1883 kwa mawe ya matumbawe na nguzo za chuma, ikapita mapinduzi na tawala, kisha tarehe 25 Desemba 2020 upande wake ukaanguka mchana na kuua watu wawili. Mvua iliyoingia katika ukuta wa mawe uliokosa chokaa hufanya kazi ileile ifanywayo na mvua katika ukuta wa tofali bichi; tofauti yao ni muda. Usipoziba ufa utajenga ukuta, walisema wazee, nao hawakubagua kati ya ufa wa jiwe na ufa wa udongo. Mama wa Nduta ambaye kila mwisho wa masika huteka ndoo ya tope shimoni na kuusiriba upya mguu wa ukuta wake, pale matone ya mapaa yanapourarua, anaijua methali hiyo kwa viganja. Nyumba yake itasimama muda wote awapo yeye wa kuisiriba. Kudumu, nikilitazama jambo hivyo, hakumo katika jiwe. Kumo katika idhini ya mtu ya kuwapo mwakani, wakati ufa utakapotokea.

Na hiyo idhini ndiyo iliyo adimu. Wahenga walisema mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe, na wengi huitumia methali hiyo kama neno la kumchosha mgeni. Mimi huisikia kama neno la heshima, kwa sababu aliyepewa jembe amepewa nafasi ya kuwa mtu kamili pale alipo. Tanzania imewahi kuitimiza methali hiyo kwa ukamilifu usio na mfano mwingi duniani. Warundi waliokimbia mwaka 1972 walipewa ardhi Ulyankulu, Katumba na Mishamo, wakalima, wakalipa kodi, na baada ya miaka arobaini na zaidi, mwaka 2014, watu zaidi ya 160,000 miongoni mwao na watoto wao walithibitishwa kuwa raia. Waliokuja baadaye walikuta zama nyingine. Sheria ya Wakimbizi ya mwaka 1998 humtaka mkimbizi akae ndani ya eneo lililowekwa, na jembe la Nduta likapata kazi ya kuchimba udongo wa ukuta na ya kupalilia kitalu kandoni mwa mlango, basi. Sikusudii kuilaumu nchi ambayo imebeba mzigo ambao nchi tajiri zaidi ziliukimbia. Kuni za Kibondo, maji ya Kibondo na njia za Kibondo zililipa gharama hiyo, na wenyeji wanayo haki ya kusema wamechoka. Nasema kwamba katika hesabu ya nyumba, kitu alichonyimwa mtu wa Nduta hakikuwa jiwe. Kama angalipewa matofali ya kuchoma na saruji na bati jipya, na akanyimwa mwakani, angalikuwa na jengo zuri la kuachwa. Tangu Septemba 2017, ulipoanza mpango wa kuwarejesha Warundi kwao kwa hiari, malori na mabasi yameondoka Nduta yamebeba magodoro, masufuria, baiskeli, na pengine milango na mbao za madirisha, na hapana aliyeweza kubeba ukuta. Mwenda kwao si mtumwa, na aliyerejea kwa radhi yake amerejea na heri. Lakini hofu ya aliyesita kupanda basi hilo nayo ilikuwa ya kweli, na ukuta uliosiribwa jana ulikuwa hoja yake.

Sipendi kuyapamba mashimo. Masika yajapo hujaa maji, na mbu hupata humo kitalu chao. Madaktari Wasio na Mipaka, waliotibu Nduta tangu ilipofunguliwa tena, waliikuta malaria katika safu ya mbele ya maradhi yaliyowajaza wagonjwa wao, na wajuao mambo ya afya hawatatia shaka kwamba madimbwi ya kando ya nyumba yalikuwa na fungu lake katika balaa hilo. Mtoto huweza kutumbukia. Mbuzi huvunjika mguu. Mchimba kisima huingia mwenyewe, kasema mzee. Lakini aliyechimba hapa hakuwa na hila dhidi ya mtu, alitaka kuta tu, na adhabu ya methali imemfika bila kosa lake. Kwa hiyo si matakwa yangu kwamba mashimo ya Nduta yaachwe wazi ili wapita njia watafakari. Yafukiwe yanayostahili kufukiwa; yanayoshika maji mwaka mzima yafugwe samaki, kama wakulima wa nyanda hizo wajuavyo kufanya mabondeni; na yaliyosalia yapandwe miti, kwa kuwa mche uliopandwa shimoni hukuta unyevu ukiungoja, na Kibondo inadaiwa miti mingi kuliko inavyodaiwa kitu kingine chochote.

Ila kabla ya kufukiwa, yachorwe. Katika miaka ya 1960 Neville Chittick alichimba Kilwa kwa misimu mingi, akapima kila ukuta na kila kisima, akaokota vigae na sarafu, akavitia katika vitabu viwili vikubwa vilivyotoka mwaka 1974, na kwa kazi hiyo twajua mengi ya masultani ambao vinginevyo wangalibaki majina. Nasema bila ya mzaha kwamba Nduta yastahili kazi ya namna hiyo, zoni kwa zoni, na nisingependa isubiri miaka mia tano. Mwalimu wa historia wa sekondari ya Kibondo na wanafunzi wake, wenye kamba ya kupimia na daftari, wangeweza kuianza kiangazi kijacho: wapi palikuwa na nyumba na shimo lake lilikuwa kiasi gani, wapi palikuwa na kinu, wapi msikiti, wapi kanisa, wapi bomba la maji ambalo watu walipanga ndoo zao tangu alfajiri, wapi mafiga, na kichuguu kipi kililisha nyumba zipi. Chittick hakuwa na mtu wa kumuuliza. Waliojenga Husuni Kubwa walikuwa wamekufa karne sita kabla yake, na ilimbidi akisie kwa vigae. Waliojenga Nduta wako hai, kule Burundi, Ruyigi na Cankuzo na Makamba, na wengine hawakuvuka kurudi, nao wanakumbuka kila mmoja tofali lake la kwanza lilikauka au lilipasuka, na nani aliyemwazima kalibu.